Mkono ukilegea baada ya ajali au upasuaji: lini usubiri, lini ukimbilie hospitali

Katika wodi moja ya hospitali unaweza kuwakuta watu wawili wenye mikono iliyolegea kwa namna ileile. Wa kwanza amefanyiwa upasuaji wa mfupa wa mkono asubuhi. Alichomwa sindano ya ganzi karibu na bega, sasa ni jioni na mkono bado haumtii. Wa pili alianguka na boda boda wiki tatu zilizopita. Hana kidonda kikubwa, eksirei haikuonyesha mfupa uliovunjika, akaambiwa aende nyumbani kupumzika. Leo mkono wake nao haumtii.

Wa kwanza ana hofu kubwa, lakini huenda kesho asubuhi akawa anakunja vidole. Wa pili ametulia anasubiri, na kila mwezi unaopita unampunguzia nafasi ya kuutumia tena mkono huo.

Makala haya yanaeleza tofauti kati ya mikono hiyo miwili. Tumeyaandika kwa sababu katika makambi na vijiji vinavyotuzunguka watu wengi huogopa sindano ambayo haina neno, na huvumilia jeraha ambalo halipaswi kuvumiliwa.

Mshipa upi?

Kwa Kiswahili neno mshipa linabeba mambo mengi. Kuna mshipa wa damu, kuna mshipa wa fahamu, kano nazo huitwa mishipa, hata ngiri kuna wanaoiita mshipa. Ndiyo maana mtu akisema "mshipa wa bega umeruka", mmoja anamkanda, mwingine anamfunga kwa vijiti, wa tatu anamtafutia dawa ya damu. Hapa tutasema neva, tukimaanisha mshipa wa fahamu peke yake: ule unaobeba amri ya ubongo kwenda kwenye misuli, na kurudisha habari za maumivu, joto, baridi na mguso.

Neva za mkono hutoka kwenye uti wa mgongo, pale shingoni, zikiwa mizizi mitano kila upande. Mizizi hiyo inashuka katikati ya misuli ya shingo, inapita nyuma ya mtulinga (ule mfupa wa mbele kati ya shingo na bega), inaungana na kugawanyika kama vichochoro vya sokoni, kisha inatokea kwapani. Kwa ufupi, mizizi ya juu inainua bega na kukunja kiwiko. Ya chini inaendesha vidole. Iliyo katikati inasaidia kunyoosha kiwiko na kuinua kiganja.

Kuna sehemu mbili ambako neva iko hatarini zaidi. Moja ni nyuma ya mfupa wa mkono wa juu, ambako neva inayoinua kiganja imelala karibu kabisa na mfupa. Ya pili ni upande wa ndani wa kiwiko. Hiyo kila mtu anaijua: ukiigonga mezani unahisi kama shoti ya umeme mpaka kwenye kidole kidogo.

Sindano ya ganzi ya bega na mkono

Zamani watu wengi walidhani kwamba kupasuliwa ni lazima ulazwe usingizi. Kwa mkono si lazima. Mtaalamu wa usingizi anaweza kuchoma dawa ya ganzi karibu na kundi la neva, mkono wote ukafa ganzi huku mgonjwa yuko macho, anapumua mwenyewe, hata anazungumza. Si jambo geni. Mwaka 1911 daktari wa Ujerumani, Diedrich Kulenkampff, alijichoma mwenyewe sindano ya namna hii juu ya mtulinga ili aone kama inafanya kazi. Leo, penye mashine ya picha kama ile ya kuangalia mimba, mtaalamu anaziona neva na anaona sindano inakoelekea.

Mahali pa kuchomwa hutegemea mahali pa kupasuliwa. Kwa bega huchomwa upande wa shingo. Kwa kiwiko na kiganja huchomwa juu au chini ya mtulinga, au kwapani. Usishangae basi ukivunjika kifundo na daktari akaelekea kwapani. Hajakosea mahali.

Utakachohisi ni hiki: kwanza joto au kuwashwawashwa, halafu mkono unakuwa mzito, halafu unakuwa kama si wako. Wengine husema wamewekewa mkono wa mtu mwingine kitandani. Ikitumika dawa ya muda mfupi kama lidokeini, ganzi hukaa saa chache. Ikitumika ya muda mrefu kama bupivakeini, inaweza kukaa saa 12, wakati mwingine mpaka saa 24. Kwa hiyo kulala usiku mzima na mkono usiosikia kitu si ajabu.

Waliochomwa shingoni wanaweza kuona mambo mengine yanayotisha zaidi: kope ya upande huo inalegea, sauti inakwaruza, pumzi inakuwa fupi kidogo. Hutokea kwa sababu dawa imefika kwenye neva za jirani, ikiwemo ile ya msuli mkubwa wa kupumulia. Kwa kawaida huondoka pamoja na ganzi. Lakini ukipata shida kubwa ya kupumua au maumivu makali ya kifua, mwite muuguzi palepale, usingoje asubuhi. Na wakati wa kuchomwa, midomo ikifa ganzi, masikio yakivuma au ukisikia ladha ya chuma mdomoni, sema mara moja, maana dawa huenda imeingia kwenye damu.

Je, sindano yenyewe inaweza kuharibu neva? Inaweza, lakini ni nadra. Wachache hubaki na ganzi kidogo au kuchomachoma kwa siku au wiki kadhaa, kisha hupona. Madhara ya kudumu huwapata watu wachache tu kati ya 10,000 waliochomwa. Kipimo chako ni hiki: ukifikisha saa 24 mkono haujaanza kurudi, mjulishe daktari. Ukifikisha saa 48, usikubali kuambiwa "ngoja tu" bila mkono kupimwa na matokeo kuandikwa.

Kuna jambo moja ambalo wagonjwa hawaambiwi vya kutosha. Kama uliumia mkono na tayari vidole vilikuwa na ganzi au udhaifu, sema kabla ya sindano, na hakikisha imeandikwa kwenye karatasi yako. Ajali yenyewe inaweza kuwa iliumiza neva. Isipoandikwa mapema, baada ya upasuaji hakuna atakayejua kama udhaifu umetokana na pikipiki, na upasuaji, au na sindano. Familia italaumu sindano, daktari atalaumu ajali, na mgonjwa atabaki katikati.

Ganzi inapoondoka, maumivu huja kwa kishindo, mara nyingi usiku. Meza dawa ya maumivu uliyopewa pale unapoanza kuhisi vidole; usingoje mpaka ulie. Lakini kama maumivu makali yanakuja huku mkono bado una ganzi, au vidole vinavimba na kuwa baridi ndani ya plasta, huo si uchungu wa kawaida. Mwite mtu.

Neva inapoumizwa

Pikipiki ndiyo inayotuumiza zaidi. Mtu akirushwa akaangukia bega, kichwa kinavutwa upande mmoja na bega upande mwingine, na neva zilizo katikati zinanyooshwa kama kamba. Zikivutika tu bila kukatika, zinaweza kupona zenyewe. Zikikatika haziponi bila upasuaji. Na wakati mwingine mizizi inang'olewa kabisa kwenye uti wa mgongo, na hilo ndilo jeraha baya kuliko yote. Dalili za kung'oka ni mkono mzima kulegea, maumivu makali ya kuunguza katika mkono ule ule usiohisi mguso, na kope ya upande huo kulegea. Ndiyo, kope ileile tuliyosema hulegea baada ya sindano ya shingoni. Baada ya sindano inapita kesho yake. Baada ya ajali ni ishara mbaya, daktari aambiwe.

Eksirei inaonyesha mifupa. Neva haionekani humo. Karatasi inayosema "hakuna mfupa uliovunjika" haisemi lolote kuhusu neva.

Anayeanguka kutoka mwembe au mparachichi akadaka tawi huumia kinyume chake: mkono unavutwa juu, mizizi ya chini ndiyo inayoteseka, bega linafanya kazi lakini vidole havishiki. Bega likitoka mahali pake, neva ndogo inayozunguka bega inaweza kuvutwa. Gusa ngozi ya nje ya bega, pale wanapochanja chanjo; kama haihisi kama upande wa pili, taja hilo kabla mtu yeyote hajalirudisha bega. Na mfupa wa mkono wa juu ukivunjika katikati, takriban mtu mmoja kati ya kumi hushindwa kuinua kiganja: kinaning'inia kama cha mtu anayeonyesha saa. Habari njema ni kwamba wengi wao hupona bila kupasuliwa neva, ndani ya miezi michache, ikiwa kiganja kitategemezwa vizuri.

Kiganja hichohicho huning'inia kwa sababu nyepesi zaidi. Mlevi amelala kitini na mkono umening'inia kwenye egemeo usiku kucha, asubuhi anakuta kiganja hakiinuki. Au mtu mwenye magongo ameegemea kwapa. Hili la magongo tunaliona sana, kwa sababu magongo mengi hurithiwa na hayakupimwa kwa mwenyewe. Kichwa cha gongo kiwe chini ya kwapa kwa upana wa vidole viwili au vitatu, na uzito uubebe kwa viganja, si kwa kwapa. Ukianza kuhisi ganzi mkononi, rekebisha gongo leo. Aina hii hupona, mradi kubana kuondoke. Mizigo mizito ya kuni au posho yenye kamba zinazokata mabega nayo huweza kubana neva za juu. Ukiona bega linachoka kuinuka, hamisha mzigo au ugawe mara mbili.

Kuna mikono iliyoumia kabla hatujafika hapa. Kufungwa viwiko nyuma ya mgongo, namna ambayo Uganda inajulikana kama kandoya, au kutundikwa kwa mikono, huvuta na kubana neva za mikono yote miwili. Waliopitia hayo wanaweza kuwa na ganzi, udhaifu au bega linaloshuka miaka mingi baadaye, na wengi hawajawahi kumwambia mhudumu yeyote. Una haki ya kuomba chumba cha faragha na mkalimani unayemwamini. Mkono huo unaweza kupimwa, na kile daktari anachoandika kinaweza kuwa na uzito pia katika maelezo yako ya ulinzi.

Vijiti, kamba na maji ya moto

Tuseme wazi kuhusu waunga mifupa wa mitaani. Wapo wenye mikono mizuri, na watu huenda kwao kwa sababu wako karibu na hawaulizi kadi. Lakini vijiti vilivyokazwa sana kwenye mkono unaovimba vinaweza kuua misuli na neva kwa siku moja. Dalili ni maumivu yanayozidi badala ya kupungua, vidole vilivyovimba na kuwa baridi, na uchungu mkali mtu mwingine akikunyooshea vidole. Legeza kila kitu, mpaka kitambaa cha mwisho kinachogusa ngozi, kisha nenda hospitali usiku huohuo. Baada ya saa 6 hivi misuli inaweza kuanza kufa, na kiganja kikishajikunja kama ukucha wa kuku hakinyooki tena. Plasta ya hospitali nayo inaweza kubana vivyo hivyo, kwa hiyo usione haya kurudi saa nane za usiku.

Kukanda kwa maji ya moto ndiyo tiba ya kwanza ya kila bibi, na kwa mkono wenye ganzi ndiyo hatari ya kwanza. Mkono usiohisi hausemi "basi". Anayekanda anaona ngozi inabadilika rangi na kudhani dawa inafanya kazi. Vivyo hivyo jiko la mkaa, sufuria ya ugali, na sigara kati ya vidole. Mwenye mkono wa ganzi apike kwa mkono mwingine, apime maji kwa mkono mwingine, na akague ngozi kila jioni kama anavyokagua miguu mtu mwenye kisukari.

Mtoto aliyezaliwa na mkono uliolegea

Mtoto mkubwa akikwama bega wakati wa kuzaliwa, neva za shingo zinaweza kuvutika. Mkono unalala kando ya mwili, kiganja kimetazama nyuma. Si laana, na mama hakufanya kosa lolote. Wengi wa watoto hawa hupona. Mpeleke akaangaliwe mapema, kwa sababu mfupa wa mtulinga unaweza kuwa umevunjika pia. Usimvute mkono, usimwinue kwa makwapa. Ukimvisha, anza na mkono mgonjwa; ukimvua, uwe wa mwisho. Ukimbeba mgongoni, mkono uwe ndani ya kitenge, usining'inie. Tarehe ya kukumbuka ni miezi 3: kama mpaka hapo hawezi kukunja kiwiko kupeleka mkono mdomoni, anahitaji kuonwa na mpasuaji, hata kama jirani anasema wake alianza akiwa na mwaka.

Kwa nini miezi ina maana

Neva iliyoumia huota upya kwa mwendo wa takriban milimita 1 kwa siku, sentimita 3 hivi kwa mwezi. Pima kutoka shingoni mpaka vidoleni mwako: kwa mtu mzima ni kama sentimita 70 au zaidi. Safari hiyo ni ya miaka miwili. Wakati huo misuli inayosubiri inazidi kukonda, na misuli iliyokaa bila neva mwaka mmoja hadi mmoja na nusu kwa kawaida haiwezi tena kuamka, hata neva ikifika.

Kutokana na hesabu hiyo, wapasuaji wanapendelea kuunganisha au kuhamisha neva kati ya mwezi wa 3 na wa 6 baada ya kuumia. Miezi ya kwanza hutumika kuangalia kama mkono unarudi wenyewe. Unarudi kwa mpangilio: misuli ya karibu na bega kwanza, kiganja mwisho. Ishara nzuri ni kwamba ukigonga kidogo njia ya neva unasikia kuchomachoma, na mahali pa kuchomachoma panashuka mwezi hadi mwezi. Neva iliyokatwa kwa panga au kioo haisubiriwi miezi. Hiyo ishonwe mapema, ikiwezekana ndani ya siku chache. Baada ya mwaka bado kuna upasuaji mwingine, kama kuhamisha kano ya msuli mzima ifanye kazi ya uliokufa, kwa hiyo aliyechelewa asikate tamaa. Ila nafasi bora huwa imepita.

Unaposubiri, kazi yako ni kuhakikisha viungo havikauki. Kwa mkono mzima, au kwa msaada wa mtu, kunja na kunyoosha kila kiungo polepole, kuanzia bega hadi vidole, mara kadhaa kwa siku, bila kulazimisha penye maumivu au mfupa ambao haujaunga. Tegemeza mkono shingoni kwa kitambaa unapotembea, ili uzito usivute bega. Maumivu ya neva hayasikii parasetamoli sana. Kuna dawa nyingine kama amitriptilini ambazo daktari anaweza kukuandikia, basi mweleze kwamba maumivu yako ni ya kuunguza au ya shoti.

Usichanganye na haya

Mkono uliolegea ghafla bila ajali, pamoja na mdomo kupinda, maneno kukwama au mguu wa upande uleule kulegea, ni kiharusi. Nenda sasa hivi. Na ganzi inayokuja polepole kwenye kidole kidogo, vidole vikianza kujikunja, tena ngozi ina baka lisilohisi, inaweza kuwa ukoma. Ukoma unatibika, dawa zake hutolewa bure, na ukitibiwa mapema mkono unaweza kuokolewa.

Ukifika kituoni

Katika makazi ya Uganda mkimbizi na mwenyeji hutibiwa kwenye vituo vilevile, na mara nyingi kituo cha daraja la III hakina mtaalamu wa viungo wala mpasuaji wa mifupa. Utahitaji rufaa kwenda daraja la IV, kisha hospitali. VHT wa kijiji chako anaweza kukusindikiza kama hujui lugha ya wahudumu. Usiseme tu "mkono unauma". Sema tarehe uliyoumia, sema ni nini huwezi kufanya: kuinua bega, kukunja kiwiko, kuinua kiganja, kutanua vidole. Sema ni ngozi ipi haihisi. Omba yaandikwe, na utunze karatasi zote kwenye mfuko wa plastiki.

Baada ya wiki 3 hadi 4, kama hakuna kinachorudi, rudi kituoni ukaombe rufaa, usingoje uitwe. Na kama uliumia Januari ukapangiwa kumwona mpasuaji Septemba, muulize anayepanga kama kuna hospitali nyingine yenye nafasi kabla ya Julai.